Naomba ushauri: makala inasema "alikuwa mchawi" kwa sababu alikiri. Niipitishe?

Mkaguzi wa Usiku

Wakuu, habari za jioni. Nachangia kamusi elezo ya Kiswahili mtandaoni, kazi ya kujitolea. Kijana mmoja mgeni amenikabidhi makala yake ya kwanza niikague. Inamhusu Isobel Gowdie, mwanamke wa Auldearn, karibu na Nairn, kaskazini mwa Uskoti. Mwaka 1662 alikiri uchawi mara nne: tarehe 13 Aprili, kisha 3, 15 na 27 Mei.

Kijana amehangaika, na tarehe zote ziko sawa. Lakini makala inaanza hivi: "Isobel Gowdie alikuwa mchawi maarufu wa Uskoti." Inaishia hivi: "Alichomwa moto akiwa hai." Katikati anasema alikiri kwa hiari, alijigeuza sungura, alikula karamu kwa malkia wa majini chini ya kilima, na aliwaua watoto wa kiume wa bwana wa Park, mwenye ardhi wa huko, kwa sanamu ya udongo. Yote yameandikwa kama mtu anavyoandika kwamba Kilimanjaro una mita 5,895.

Nilipomgusia akanijibu, "Mkuu, amekiri mwenyewe. Nimtetee vipi mtu aliyejisema?" Sikuwa na jibu la kumpa.

Niseme na hili. Mimi natokea Kanda ya Ziwa. Nimekua nikiona vikongwe wakihama nyumba zao kwa sababu ya macho mekundu, macho yaliyoiva kwa moshi wa kuni. Kwetu mtu akishaitwa mchawi, neno hilo humfuata hadi mlangoni usiku. Kwa hiyo naogopa isije ikawa ni uchungu wangu unaoikagua makala hii, si mimi. Nitumie kigezo gani?

Karani Mstaafu

Mwanangu, nimekaa mahakamani miaka mingi nikipokea majalada. Maelezo ya onyo, yale anayoandikishwa mtuhumiwa polisi, ukiyasoma utadhani mtuhumiwa ndiye anayeongea: "mimi nilifanya, mimi nilikwenda". Lakini kalamu haikuwa mkononi mwake. Kila mara nilijiuliza mambo matatu: nani aliandika, nani walikuwa chumbani, na aliulizwa nini mpaka akajibu vile.

Mwulize kijana hayo hayo. Kama makala haina majibu, bado haijaiva, hata kama tarehe zote ziko sawa.

Jalada la Zamani

Mama hapo juu amegusa penyewe. Majibu yapo. Aliyeandika ni John Innes, mthibitishaji wa hati. Mchungaji wa Auldearn, Harry Forbes, alikuwepo, pamoja na wanaume wenye nafasi zao pale kijijini. Isobel alikuwa mke wa mkulima mdogo, John Gilbert, upande wa Lochloy. Hebu mfikirie mwanamke huyo mbele ya watu wale, mara nne katika wiki sita hivi.

Kuhusu "kwa hiari": hati yenyewe inadai alikiri bila kushurutishwa, na haitaji mateso. Basi makala iseme hivyo hivyo, kwamba hati inadai. Kisha iongeze kwamba kuwanyima watuhumiwa usingizi usiku baada ya usiku ilikuwa njia iliyozoeleka Uskoti wakati ule. Usiseme alifanyiwa hivyo, maana hati haisemi.

Sasa jambo ambalo kwangu ndilo kubwa. Anapoeleza alivyoingia kilima cha Downie, anasema malkia wa kule alimpa chakula kuliko alivyoweza kula, na kwamba malkia huyo alivaa kitani cheupe. Anataja hata mafahali waliokuwa wakinguruma huku na huko wakamtia hofu. Simulizi inanoga, halafu mwandishi anaikata: "na kadhalika". Kalamu inaruka. Lakini akifika kwenye Ibilisi, majina ya wenzake na watu waliodhuriwa, maelezo yanajaa kurasa. Wasomi waliozisoma hati hizi wanaona hapo dalili ya kile wahojaji walichokitaka na kile ambacho hakikuwashughulisha. Hiyo "na kadhalika" ina uzito kuliko aya nzima ya kijana kuhusu sungura.

Na mwisho wa makala ufutwe leo. Hakuna kumbukumbu iliyopatikana ya hukumu yake wala ya kuuawa kwake. Hata pale walipoua, desturi ya Uskoti kwa kawaida ilikuwa kumnyonga mtu kwanza kwenye nguzo, kisha kuuchoma mwili.

Nyota ya Nyegezi

Mkuu, na mimi ni wa Kanda ya Ziwa, nakuelewa. Lakini tukumbuke ulikuwa mwaka gani. 1661 na 1662 Uskoti ilikuwa katikati ya msako mkubwa, watu zaidi ya 600 walishtakiwa. Sheria ilikuwepo tangu 1563 na haikufutwa hadi 1736. Chuo Kikuu cha Edinburgh kimekusanya majina 3,837 ya walioshtakiwa, na katika kila kumi, wanane na zaidi ni wanawake. Makala isiyosema haya inamwacha Isobel peke yake, kama kituko.

Hata serikali ya Uskoti, kupitia Nicola Sturgeon, aliyekuwa kiongozi wake wakati huo, iliomba radhi rasmi tarehe 8 Machi 2022 kwa wote walioshtakiwa chini ya sheria ile. Sisi nani tuendelee kumwita mchawi?

Mwana wa Pangani

Naomba kutofautiana kidogo, kwa heshima zote. Mkimsafisha sana mtamnyamazisha. Maneno yale hayakutoka yote kwa mchungaji. Lile la sungura lina vina kabisa katika Kiskoti chao. Kwa Kiswahili ningelisema hivi:

Nitaingia mwili wa sungura,
kwa huzuni, kwa kite, kwa uchungu mkubwa;
nitakwenda kwa jina la Ibilisi
mpaka nirudi nyumbani tena.

Huyu ni mwanamke aliyebeba utenzi na ngano za kijiji chake kichwani. Asiandikwe kama gunia lililojazwa maneno na wanaume. Pengine simulizi zile ndizo mali pekee aliyokuwa nayo mle ndani.

Kuhusu tafsiri: "majini" si sahihi. Jini kwetu ana dini yake na historia yake. Wale ni viumbe ambao Waskoti waliamini wanaishi chini ya vilima, wana malkia wao na mifugo yao. Elezeni mara moja, kisha muwaite "watu wa kilimani".

Halafu Isobel anasema yeye na wenzake walirukia mabua yakawa farasi, na mtu akiyaona mabua kwenye kivumbi cha kisulisuli asijikinge kwa jina la Mungu, wangeweza kumpiga mshale. Bibi yangu alituzuia kukatiza kisulisuli, akisema mna kinyamkela ndani. Niliposoma pale nilisisimka mwili. Lakini hilo lisiingie kwenye makala, ni letu wenyewe.

Jalada la Zamani

Pangani umenena, na wala hatupingani. Kila kitu kibaki, ila kila tendo liwe na mwenye kusema: "alieleza kwamba", "kwa mujibu wa hati ya 3 Mei". Sungura abaki, shairi libaki.

Ila angalieni pia kijana alipoandika "kilinge cha wachawi kumi na watatu". Isobel ndiye aliyetaja idadi hiyo. Mwaka 1921 msomi Margaret Murray akaitumia kudai kwamba vikundi vya watu kumi na watatu vilikuwepo kweli kila mahali. Wanahistoria wa leo wameikataa nadharia hiyo. Na "kilinge" kina waganga na ngoma zake, haistahili kukipeleka Auldearn. "Kundi" linatosha.

Karani Mstaafu

Nyongeza moja, mwanangu. Usimbadilishie kimya kimya. Mwite, mkae mwandike pamoja. Mgeni akikuta kazi yake imegeuzwa usiku, harudi tena.

Mkaguzi wa Usiku

Shikamoo mama, na asanteni wote. Nilikuwa nimeshaanza kufuta, nimerudisha kila kitu kama kilivyokuwa. Nimempigia, tumekaa kwenye simu karibu saa nzima. Nilipomsomea ile "na kadhalika" alinyamaza, kisha akauliza, "Kwa hiyo kuna maneno yake ambayo hatutayajua?" Nikamwambia ndiyo.

Sentensi ya kwanza ameiandika upya mwenyewe: "Isobel Gowdie alikuwa mwanamke wa Auldearn, Uskoti, aliyeshtakiwa kwa uchawi mwaka 1662, anajulikana kwa maungamo manne yaliyoandikwa na John Innes." Ya mwisho: "Hakuna kumbukumbu inayoonyesha yaliyompata baada ya hapo."

Shairi la Pangani ameliomba alitumie. Unaridhia, mkuu?

Mwana wa Pangani

Alichukue. Ila abadilishe "mkubwa" iwe "mwingi", nimeisoma tena kwa sauti nikaona uchungu haupimwi kwa ukubwa.