Benki waliniambia riba asilimia 1.5 kwa mwezi. Nilipotaka kumaliza deni nikakuta nalipa 2.6

Wakuu, shikamooni wanaostahili, wengine habari za jioni. Jambo hili nimekaa nalo wiki nzima nikijaribu kutulia, nimeshindwa. Benki yenyewe siitaji kwa sababu barua yangu iko mezani kwao na nasubiri majibu ya maandishi.

Mimi nashona na kuuza sare za shule, fremu yangu iko Kariakoo jirani na Mtaa wa Congo. Januari 2024 nilikopa shilingi 10,000,000 za kuongeza cherehani na kununua majora ya vitambaa. Dhamana ni nyumba yetu ya Mbagala yenye leseni ya makazi. Barua ya serikali ya mtaa nikapeleka, mume wangu akaja kusaini ridhaa, mthamini akaja akapiga picha mpaka choo. Afisa mikopo, kijana mpole kabisa, akaniambia: "Mama, riba yetu ni asilimia moja na nusu tu kwa mwezi, miezi ishirini na nne, rejesho 566,667."

Nikapiga hesabu pale pale kwenye simu. Moja na nusu ya milioni kumi ni 150,000, mara 24 ni 3,600,000. Hesabu ikakubali. Nikasaini mkataba wa kurasa kumi na nne, wote Kiingereza. Mkononi nikapokea 9,700,000, maana walikata ada ya mkopo asilimia 2 na bima asilimia 1. Hilo waliniambia mapema, silalamikii. Bima ile inalipa deni nikifa, watoto wasifukuzwe kwenye nyumba.

Nimelipa marejesho kumi na mawili, sijachelewa hata siku moja. Kuna miezi pale katikati sare haziuziki kabisa, tulikula dagaa na ugali ili tarehe ya benki isinipite. Shule zilipofunguliwa Januari 2025 biashara ikaenda vizuri, nikasema sasa deni hili nalimaliza lote. Nusu ya muda imepita, kwa hiyo nusu ya mtaji, yaani ile pesa niliyokopa bila riba, nimerudisha, nadaiwa milioni tano. Nikaenda nikiwa nazo.

Wakanipa karatasi. Salio la mtaji 5,770,200. Adhabu ya kulipa mapema asilimia 3, yaani 173,106. Jumla 5,943,306.

Nikauliza hii 770,200 imetoka wapi. Kijana akasema, "Mama, miezi ya mwanzo rejesho linakula riba zaidi kuliko mtaji," akanichapia jedwali la marejesho, ambalo siku ya kusaini sikupewa. Mwezi wa kwanza: riba 262,150, mtaji 304,517. Niliitazama ile 262,150 nikahisi miguu inaniishia. Aliniambia 150,000!

Nyumbani mwanangu anayesoma uhasibu chuoni akanikalisha na karatasi hadi saa sita usiku. Wakuu, naomba mlielewe hili vizuri kwa sababu limenigharimu. Kuna riba inayopigwa kwenye deni lililobaki, ukilipa mtaji na riba inashuka. Na kuna riba ambayo maofisini wanaiita flati, inapigwa kwenye milioni kumi ile ile mpaka mwezi wa mwisho, hata kama umebaki unadaiwa laki nne. Nilichotajiwa mimi ni flati. Ukiigeuza iwe riba ya deni linalopungua, asilimia 1.5 inakuwa 2.6 kwa mwezi, zaidi ya 31 kwa mwaka. Kama ingekuwa kweli 1.5 ya deni linalopungua, rejesho langu lingekuwa 499,241 na riba yote isingefika milioni mbili. Mimi nilisaini milioni tatu na laki sita.

Na hapa ndipo hasira yangu ilipo. Siku ya kunikopesha walitumia hesabu ya flati kwa sababu inaonekana ndogo. Siku ya kumaliza deni wakatumia hesabu ya riba inayopungua, kwa ile 2.6, kwa sababu riba inakuwa imeshachukuliwa nyingi mwanzoni. Katika 6,800,000 niliyolipa mwaka mzima, 2,570,200 ni riba. Mkopo mmoja, hesabu mbili, na zote mbili zinawapendelea wao.

Nilipomwambia meneja kwamba sikuelezwa, alinijibu, "Mama, ungeuliza." Niulize nini? Nimeambiwa bei, nimeizidisha, imekubali. Ningejuaje kuna bei nyingine nyuma yake? Kwenye taarifa za Benki Kuu wakati ule tulikuwa tunasikia wastani wa riba za mikopo ukizunguka asilimia 15 au 16 kwa mwaka. Nikalinganisha na 18 yangu, yaani 1.5 mara miezi 12, nikaona tofauti si kubwa, mfanyabiashara mdogo lazima alipe zaidi kidogo. Kumbe nilikuwa nalinganisha vitu viwili tofauti.

Jirani yangu wa duka ananiambia hata aina ya mkopo sikushauriwa. Cherehani, sawa, mkopo wa miaka miwili. Lakini majora nayahitaji Oktoba hadi Januari tu, yakiuzwa pesa inarudi. Yeye ana ovadrafti kwenye akaunti ya biashara: anachota anapohitaji, riba inahesabika kwa kile alichochota na kwa siku alizokaa nacho, akirejesha inakoma. Ina ada zake na benki inataka kuona mzunguko wa akaunti, ila mimi mzunguko ninao. Afisa hakuitaja hata mara moja.

Novemba 2024 Benki Kuu ilipotangaza zile programu 69 za mikopo ya mtandaoni zilizokuwa zikikopesha bila leseni, sote tulishangilia. Mimi nilikimbilia benki ili nisiangukie kausha damu, ile mikopo ya riba ya kunyonya. Nilitegemea penye leseni ninaambiwa ukweli.

Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kuwalinda watumiaji wa huduma za fedha zinataka mteja aelezwe masharti na gharama waziwazi kabla ya kusaini. Malalamiko unaanza nayo benki kwenyewe, usiporidhika unakwenda dawati la malalamiko la Benki Kuu. Barua nimepeleka Jumatatu, nakala yangu imegongwa mhuri wa kupokelewa. Nimedai waandike ni riba gani niliyotajiwa, ni ipi waliyotumia, na kwa nini jedwali sikupewa siku ya kwanza. Adhabu ya kulipa mapema nataka waifute.

Rejesho la mwezi huu nitalipa kwa wakati, ile nyumba siichezei.

Wenye mikopo ya biashara, chukueni jedwali lenu leo, msome mstari wa kwanza, mlinganishe riba ya pale na mliyoambiwa mdomoni. Na aliyewahi kufikisha kesi ya namna hii Benki Kuu, naomba anieleze alipeleka nyaraka zipi na walimjibu nini.