Mume anataka binti yetu aitwe Moana, mama yangu hataki. Naomba ushauri

BintiTanga: Wanajamvi, wakubwa shikamooni. Mimi mzaliwa wa Tanga, nimeolewa Nyuzilandi na Mmaori, wenyeji wa asili wa huko, tunaishi Auckland. Nina binti wa wiki tatu. Baba yake anataka aitwe Moana. Kwao ni bahari, ile ya kilindi, na Wasamoa, Watonga na Wahawaii wana neno hilohilo. Nalipenda. Mama yangu hataki kulisikia, kila nikikata simu yake nalia. Usiku nakaa jikoni na mtoto, baridi ya Julai hii mpaka madirisha yanatoka jasho. Nifanyeje?

Ustadh_wa_Mtaa: Hongera dada. Hakikisha si jina la mungu wao wa baharini. Na akika je? Siku ya saba imeshapita.

BintiTanga: Ustadh, mungu wao wa bahari ni Tangaroa. Moana ni maji yenyewe. Mbuzi kachinjwa nyumbani Tanga, ila jina halikutajwa kwa mvutano huu.

Nahodha_Mstaafu: Mwanangu, nimevua miaka thelathini. Bahari haishi zinge. Ngalawa yangu ya kwanza niliipa jina la mke wangu, siku ya tatu tengo lake la ubavuni likakatika, mama watoto akaninunia mwezi mzima! Ila wakwe zako si wageni kwetu sana. Kimalagasi cha Madagaska na Kimaori ni lugha za ukoo mmoja, wazee wao wote walisafiri kwa mitumbwi yenye matengo kama ngalawa zetu.

mama_pacha: Mpe Kai. Fupi, na kwa Wahawaii ni bahari vilevile. Mimi pacha wangu niliwapa majina marefu, shuleni wamekatwa yakabaki nusu.

BintiTanga: Kwa Wahawaii sawa, lakini kwa Wamaori kai ni chakula. Shangazi zake watamwitaje?

Msomi_wa_Kijiweni: Moana wanaitwa hata wanaume. Pasifiki kwa Kimaori ni Te Moana-nui-a-Kiwa, na luteni Te Moananui-a-Kiwa Ngārimu wa Kikosi cha Wamaori alifia Tunisia, Machi 1943, akapewa Msalaba wa Victoria, nishani kuu ya ushujaa. Jina zito hilo, lina watu ndani yake.

Kobe_Mtulivu: Dada, mama yako anakataa kwa sababu gani hasa? Mtu hachukii neno bahari hivihivi, tena mtu wa Tanga.

BintiTanga: Haya. Ni jina la wifi yangu. Boti ilipinduka wakiwa wanavua, miaka minne sasa, hakupatikana. Mama anasema jina la aliyezama humvuta mtoto majini. Lakini mnielewe. Kwao zalio, yaani kondo la nyuma, huzikwa kwenye ardhi ya ukoo, neno lao whenua ni ardhi na ni zalio pia. La binti yangu limezikwa chini ya mche mdogo, na mama mkwe akainama akalitaja jina pale, udongo bado uko mikononi. Ningemkatiza? Fomu ya kuandikisha nimeshaijaza, sijaituma tu.

Kobe_Mtulivu: Basi umeshaamua, unataka baraka zetu.

BintiTanga: Sijaamua. Nimejaza tu.

Ustadh_wa_Mtaa: Jina halizamishi mtu, dada. Ajali ni qadari. Ila naona mama yako hukumweleza yote, na hilo ndilo limemuuma.

Mpekuzi01: Hii chai, tena yenye tangawizi. Visiwa vya Pasifiki Julai baridi mpaka madirisha yanatoka jasho? Na huyo wifi kazama baada ya kubanwa na Kobe! Ametazama katuni ya Moana huyu.

mama_pacha: Hata mimi nilishtuka hapo kwenye baridi.

Msomi_wa_Kijiweni: Nyuzilandi iko kusini kabisa. Juni hadi Agosti ndiyo baridi yao. Kabla ya kumwita mzazi mwongo, fungua ramani.

BintiTanga: Wifi yangu hakuzama kwa ajili ya uzi huu. Jaketi lake bado limetundikwa nyuma ya mlango wa mama mkwe, hakuna anayeliondoa. Nilificha kwa sababu nilijua mtayasema ya mama.

Nahodha_Mstaafu: Pole mwanangu. Hebu lisikie kwa sikio la kwetu: Moana, Mwana. Pwani tuna Mwanaisha, Mwanajuma, Mwanakombo. Mama yako akiita Mwana, atakuwa amekosea nini?

BintiTanga: Narudi. Nimempigia mama nikamweleza yote, mpaka jaketi. Kaniuliza, "Mwili hawakuupata kabisa?" Nikasema hapana. Kanyamaza nikadhani simu imekatika. Kisha kasema nimsogeze mtoto. Kaita "Mwana, mwanangu" mara tatu. Mtoto alikuwa ananyonya, akaachia titi, akageuza shingo kutafuta sauti. Fomu iko mezani. Naituma asubuhi.