Hivi Korchnoi alifanya nini hasa mpaka wazee wa chesi hawaishi kumtaja?

mwana_wa_kete
Wakuu habari za jioni. Mi nimeanza chesi mwaka juzi, najifunza kwenye simu na Jumapili nacheza na mjomba na wenzake pale nje ya duka lake. Sasa hawa wazee ukitaja Carlsen wanakubali, ukitaja Kasparov wanakubali, ila maongezi yakikolea lazima yaishie kwa Viktor Korchnoi. Nimepitia orodha ya mabingwa wa dunia kuanzia Steinitz mpaka Gukesh, jina lake halimo. Nikamuuliza mjomba, akanijibu kasome maisha yake, akaendelea kupanga kete. Wenye kumfahamu naomba mnisaidie, huyu mtu alishinda nini? Na kama alikuwa mkali hivyo kwa nini hakubeba ubingwa hata mara moja?

Farasi Mweusi
Bingwa wa Sovieti mara 4 mkuu. 1960, 1962, halafu ule wa msimu wa 1964/65, na 1970. Enzi hizo ubingwa wa Sovieti ulikuwa mgumu kuliko mashindano mengi ya kimataifa, kwa sababu karibu wakali wote wa dunia walikuwa wanakaa humo humo, kina Tal, Petrosian, Spassky, Keres. Hilo peke yake linatosha kuwafanya wazee wavue kofia.

bi_sataranji
Mdogo wangu ngoja nikueleze kwa kituo maana hii habari naipenda sana.

Korchnoi kazaliwa Leningrad 1931. Vita ilipofika mji ukazingirwa na Wajerumani, watu wakafa njaa kwa malaki, baba yake akafa, yeye mtoto wa miaka kumi akapona. Mi naamini ule ubishi wake kwenye bodi ulianzia pale, mtu aliyevuka njaa ile huwezi kumtisha kwa kumwekea presha kwenye upande wa mfalme.

Sasa kuhusu ubingwa. Mwaka 1974 alicheza fainali ya wagombea, yaani mechi ya kumpata wa kumkabili bingwa wa dunia, na Karpov, kijana aliyekuwa anabebwa na serikali yote. Gemu 24. Karpov akatangulia 3-0, Korchnoi akarudi akashinda ya 19 na ya 21, mwisho ikawa 3-2 na sare 19. Hapo hakuna aliyejua kwamba ile ndiyo ilikuwa fainali yenyewe, kwa sababu mwaka uliofuata Fischer hakutokea kutetea taji na Karpov akapewa ubingwa bila kusogeza hata askari mmoja. Yaani pointi moja tu ndiyo ilimtenga Korchnoi na kiti cha mfalme.

Baada ya hapo nyumbani wakaanza kumbana kwa sababu ya maneno yake. 1976 akiwa kwenye mashindano Amsterdam akaomba hifadhi, hakurudi. Mke na mwanae wakabaki Sovieti, na yule kijana baadaye akafungwa kwa kukwepa jeshi. Wasovieti wakawa hawaleti wachezaji wao kwenye mashindano yanayomwalika yeye. Hebu fikiria unatafuta riziki kwa chesi halafu kila mwandaaji anaogopa kukuita.

Na bado 1977 akawapiga Petrosian, Polugaevsky na Spassky mmoja baada ya mwingine akafika kwa Karpov tena. Hao wawili, Petrosian na Spassky, walikuwa mabingwa wa dunia wastaafu.

Farasi Mweusi
Dada umeishia pazuri, mwambie ya Baguio.

bi_sataranji
Naam, Baguio, Ufilipino, 1978. Anayefikisha ushindi 6 kwanza ndiye bingwa, sare hazihesabiwi. Watu wengi wanakumbuka vituko tu, Karpov kuletewa yogati katikati ya gemu na upande wa Korchnoi kulalamika kwamba huenda ni ishara, viti kupigwa eksirei, mtaalamu wa saikolojia wa Wasovieti kukaa ukumbini akimkodolea macho Korchnoi na Korchnoi kuvaa miwani inayoakisi mwanga kama kioo cha kujitazamia. Mimi vyote hivyo naviweka pembeni. Angalia gemu zenyewe. Ya 17 Korchnoi alikuwa vizuri kabisa, saa ikambana, akapigwa mati na farasi wawili. Baada ya gemu ya 27 matokeo ni 5-2, Karpov anahitaji ushindi mmoja tu. Mtu mwingine angeshaanza kufunga mabegi. Huyu mzee wa miaka 47 akashinda ya 28, akashinda ya 29, ya 30 sare, ya 31 akashinda tena baada ya kubaki ngome, wafalme na askari tu kwenye bodi, gemu iliyokwenda mwendo mrefu. 5-5! Ya 32 ndiyo akapoteza, 6-5. Gemu 32, miezi mitatu, peke yake dhidi ya nchi nzima.

1981 wakarudiana Merano, Italia, hapo akazidiwa 6-2, siwezi kulipamba hilo.

kitunda_g4
Heshima kwenu ila mimi nitapinga kidogo. Kama mada ni aliyestahili taji akalikosa basi mtajeni Paul Keres wa Estonia kwanza. Huyu alishika nafasi ya juu pamoja na Fine pale kwenye mashindano ya AVRO 1938, mechi na Alekhine aliyekuwa bingwa wa dunia ilikuwa inanukia, vita ikaja ikafuta kila kitu. Halafu kwenye mashindano ya wagombea akamaliza wa pili au akagawana nafasi ya pili mara nne, 1953, 1956, 1959 na 1962. Waestonia waliweka picha yake kwenye noti yao ya kroon 5, grandmasta gani mwingine ana heshima hiyo? Na Bronstein je, 1951 alitoka 12-12 na bingwa Botvinnik, alikuwa anaongoza zikiwa zimebaki gemu mbili, akapoteza ya 23, na sare ikamwachia Botvinnik taji. Bahati mbaya ya Korchnoi ni kubwa lakini walau yeye alipata nafasi yake zaidi ya mara moja.

bi_sataranji
@kitunda_g4 Keres simpingi, roho inaniuma kila nikipitia gemu zake. Tofauti ninayoiona mimi ni urefu wa safari. Korchnoi alikuwa grandmasta tangu 1956 na hakuacha mpaka uzee.

mzee wa droo
Hapo kwenye uzee ndipo mimi nimemwelewa. Januari 2011, Gibraltar, Korchnoi ana miaka 79, amekaa na Fabiano Caruana, miaka 18, reti (pointi za kiwango cha mchezaji) zaidi ya 2700, yaani kiwango cha wakali wa dunia, na Korchnoi alikuwa na kete nyeusi. Akamfunga. Siyo droo ya heshima jamani, alimfunga, na mwaka huo huo akachukua ubingwa wa Uswisi, nchi aliyohamia, akiwa na miaka 80. Mimi nina miaka 58 na nilishaanza kusema akili imechoka, nikaiona ile gemu nikarudi klabu.

Kingine kinachosahaulika ni 1983. Alitakiwa acheze nusu fainali ya wagombea na Kasparov kule Pasadena, Marekani, Wasovieti wakagoma kwenda, Korchnoi akapewa ushindi wa bure. Kwa watu waliomfungia mwanae, angeweza kabisa kukaa kimya akasonga mbele. Akakubali mechi ichezwe London, akapoteza 7-4, Kasparov akaenda zake mpaka ubingwa. Katika mazungumzo ya mwishoni mwa mchezo mjomba wako nadhani anaongelea hili.

mwana_wa_kete
Asanteni sana wakuu, kumbe kuna mambo mengi hivi. Nimeifungua ile ya 31 ya Baguio usiku huu, nimefika mwendo wa 40 na bado sielewi atashindaje na askari wamebanana vile. Naanza na ipi baada ya hii?

bi_sataranji
Usiangalie jibu haraka, kaa na ile ngome yake, angalia mfalme wake anapitia wapi. Ukimaliza nenda kwenye ya Caruana, halafu Jumapili mwombe mjomba akae na wewe kwenye ya 17, muulize yeye angezuiaje wale farasi.