Yule bwana wa ubao Ngamiani kampiga mtoto kosa kwa jibu SAHIHI!

Wakuu, daftari liko mezani hapa sasa hivi. Bwana mwenyewe mnamjua, chaki yake inasikika mpaka Raskazone. Kaandika kwa wino mwekundu: "Jotoridi halibadiliki, kwa hiyo hakuna joto linaloingia." Jotoridi ni zile nyuzi za kipimajoto. Kisha KOSA, kubwa kama nanga ya jahazi!

Swali: hewa lita 1, kanieneo (yaani presha) kilopaskali 200, inasukuma pistoni taratibu hadi lita 2, silinda imezama kwenye maji ya nyuzi 27. Mtoto kazidisha kanieneo kwa ujazo, kapata jouli 200, kazidisha tena kwa logi asilia ya 2 (ujazo umekuwa mara mbili), yaani 0.693. Jibu: kazi ya hewa ni jouli 139. Akaongeza kwamba jouli hizo 139 zimetoka kwenye maji. Kosa!

Bwana kaweka lake: 200 mara badiliko la lita 1, jouli 200. Kanieneo gani hilo linalobaki 200 wakati ujazo umekuwa mara mbili? Mwisho liko 100!

Na joto lisipoingia, kazi inatoka wapi? Izibe silinda joto lisipenye kabisa, itanue taratibu vilevile: hewa inashuka hadi nyuzi 46 hivi CHINI ya sifuri, na kazi ni jouli 121 tu. Hiyo ndiyo "hakuna joto linaloingia". Kwa maelezo yake, Tanga nzima tungeuza barafu kwa bomba la baiskeli!

Mtungi unaovuja chini na kujazwa juu, maji yake hayashuki. Utasema hakuna yanayoingia? Wino mwekundu, jamani!

Mkonge Mkavu: Presha yako nayo imefika 200, mkuu. Hiyo 139 ni ukomo wa juu. Pistoni ikiachiwa ghafla isukume hewa ya nje ya kilopaskali 100, unapata jouli 100 tu, hata beseni liwe la nyuzi 27.

Mwenye uzi: Swali limeandika TARATIBU! Soma! Na mtoto kapigwa kosa!

Chumbageni Juu: Tatizo ni neno "joto". Mtaani linabeba yote mawili, jotoridi na joto lenyewe, yaani nishati inayoingia au kutoka. Mwalimu asipoyatenga siku ya kwanza, darasa zima linazama.

Fundi Pampu: Mpeni huyo mwalimu sirinji ya mililita 60 ajionee. Hewa 20, ziba mdomo, izamishe majini, vuta polepole hadi 40. Mpira upakwe mafuta kidogo, ukiwa mkavu unakwama na msuguano unaharibu vipimo. Ukivuta kwa haraka maji hayawahi kurudisha joto.

Waja Leo: Afadhali huyo anaharibu daftari. Wapo wa pancha wanaopima tairi gari likiwa limetoka Segera sasa hivi, geji ya presha inasoma karibu psi 37, wanapunguza hadi 32. Tairi ilikuwa nyuzi 57! Asubuhi kwenye 27 inasoma 28, halafu tairi inalika pembeni.

Mkonge Mkavu: Hao ndio wauaji. Tairi inapimwa ikiwa baridi, basi.

Mwenye uzi: Tumetoka kwenye daftari!

Fundi Pampu: Na geji zenyewe mshale haurudi sifuri. Barabara ya Muheza nani ana geji ya kuaminika?