Victoria Wood hakuandikiwa na mtu! Mtangazaji, rudi hewani usahihishe

Wakuu, nina hasira na leo siifichi.

Jumapili nilisikiliza kipindi kimoja cha mtandaoni cha Kiswahili, saa nzima na nusu, mada wanawake wa vichekesho duniani. Jina la kipindi nalihifadhi. Walipofika kwa Victoria Wood wa Uingereza, mtangazaji akasema mama huyu alikuwa na bahati ya kupata waandishi wazuri. Kisha wakapiga wimbo wake na kummwagia sifa "mpiga kinanda" bila kumtaja. Mpiga kinanda ni yeye! Maneno katunga yeye, muziki katunga yeye, anayeimba ni yeye. Nikaandika maoni kwa adabu kabisa, nikaeleza. Haikupita nusu saa yamefutwa. Nikaandika tena, nikazuiwa.

Nimefanya kazi ya kutunza wazee Bury, kaskazini ya Manchester, miaka sita. Bury ndiko alikokulia. Kazaliwa hapo jirani, Prestwich, mwaka 1953. Wiki aliyofariki, Aprili 2016, bibi mmoja niliyekuwa namlisha alisukuma kijiko pembeni, akataka nimwekee kwanza DVD ya dinnerladies, tamthilia ya vichekesho ya televisheni ya Victoria Wood, uji baadaye. Kiingereza changu wakati huo bado cha kuungaunga, vichekesho vingine vilinipita. Lakini nilimwona yule bibi akitamka maneno kabla ya waigizaji, midomo inatetemeka, machozi yanamtoka huku anacheka. Uji ukapoa. Tangu siku hiyo nikaanza kumfuatilia huyu mwanamke, na ndiyo maana siwezi kunyamaza.

Hiyo dinnerladies yenyewe ni kantini ya kiwanda huko Manchester. Kamera haitoki pale: wanawake wanachoma tosti, wanapanga sahani, wanasemana. Vipindi 16, kuanzia 1998 hadi 2000, vyote kaandika peke yake, na muziki wa kufungulia kautunga mwenyewe. Tena sikilizeni alivyofanya kazi. Kila kipindi kilirekodiwa mara mbili, usiku wa Ijumaa na usiku wa Jumamosi, mbele ya watazamaji. Ijumaa ikiisha anakaa anaangalia wapi watu hawakucheka, anaandika upya, na Jumamosi waigizaji wanakabidhiwa maneno mapya. Mtu anakesha na kalamu namna hiyo, halafu wewe unasema kaandikiwa?

Na yeye mwenyewe humo ndani ni Bren, mpole, mtu wa kuwasikiliza wenzake. Vicheko vikubwa kawagawia wengine. Julie Walters, anayecheza mama yake Bren, kila akiingia kantini anaondoka na ukumbi mzima. Mwigizaji gani mwenye kalamu mkononi anawapa wenzake mistari mitamu kuliko yake? Mimi namjua huyu mmoja.

Turudi kwenye wimbo waliopiga. Mke anamtaka mumewe usiku ule, mume anatoa visingizio, mke anakazana, na kila mume anavyokataa muziki nao unazidi kupanda. Sisi tuliokulia kwenye taarab tunajua kufunga vina si mchezo. Humu vina vinafungwa mfululizo, kwa kasi, na kila kimoja kinachekesha, vidole navyo vinakimbia kwenye kinanda bila kukosea. Kwa kazi ya aina hii alijaza Royal Albert Hall usiku 15 mwaka 1993. Ukumbi ule unachukua zaidi ya watu 5,000.

Wala hakuibuka juzi. Alishinda raundi yake kwenye shindano la vipaji la televisheni la New Faces mwaka 1974, kisha akasota. 2006 akaandika Housewife, 49, tamthilia ya mama wa nyumbani wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, na akaigiza yeye. Pale si mzaha wa kantini wala wa kinanda, ni huzuni ya ndoa iliyopoa. BAFTA, chama cha filamu na televisheni cha Uingereza, wakampa tuzo mbili, ya mwigizaji bora na ya tamthilia bora. Kipindi chenu hakikugusa hata neno moja la hayo.

Kinachoniuma zaidi ni kwamba kwa wanaume hamkosei hivi. Mwanamume akichekesha ni "kichwa". Mwanamke akichekesha, swali la kwanza ni nani kamwandikia. Nimelisikia hilo swali kwenye kumbi za kwetu, dada kashuka tu jukwaani na jasho lake, anaulizwa script kapewa na nani.

Mtangazaji, najua humu unapita. Rudi hewani useme kwa sauti ileile: Victoria Wood, mwandishi, mtunzi, mpiga kinanda, mwigizaji. Na maoni yangu uyarudishe pale yalipokuwa, yote mawili. Kipindi chako ni Jumapili saa mbili usiku. Nitakuwa nasikiliza.