Naomba ushauri: Nicholas Stone nimwite mwashi au mchongaji?

Habari zenu wakuu. Nina vijana wanaojifunza ujenzi kwangu, nataka kuwasimulia habari za Nicholas Stone, fundi wa Uingereza aliyefariki 1647. Kinachonikwamisha ni jina la kazi yake. Ndiye aliyesimamia uashi wa Banqueting House (ukumbi wa karamu za mfalme), London, kuanzia 1619, kwa ramani ya msanifu majengo Inigo Jones. Hapo "mwashi" inatosha kabisa. Lakini karakana yake hiyohiyo ndiyo iliyotoa sanamu ya mshairi John Donne, amesimama ndani ya sanda, katika kanisa la St Paul's. Moto wa 1666 uliteketeza kanisa, sanamu ikabaki! Nikisema "mchongaji" nako, vijana watafikiria vinyago vya mpingo.

Jamaa alikwenda Amsterdam kufanya kazi kwa mchongaji na msanifu majengo Hendrick de Keyser, akamwoa binti yake (mjanja), na 1632 akawa fundi mkuu wa mawe wa mfalme.

Mimi naelekea "fundi mawe", ila mke wangu anasema linasikika kama kibarua wa kuponda kokoto. Ninyi mngetumia neno lipi? Na nianze na jengo au sanamu?