Nimeshalipa milioni 9, sasa muuzaji ananirudishia. Mahkama inaweza kumlazimisha aniuzie?

Mama wa Jadida:
Asalaam alaykum. Nimechoka na neno "subiri". Mwaka 2019 niliandikiana na mzee mmoja hapa Wete, Pemba, aniuzie kiwanja cha milioni 14. Nikampa arubuni (malipo ya mwanzo) milioni 9 mbele ya sheha, kiongozi wa mtaa wetu, na mashahidi wawili, bakaa nimalizie siku ya kuhaulisha, yaani kunihamishia umiliki. Mkataba ni karatasi ya daftari, kalamu ya buluu, mipaka imetajwa: kusini njia ya gari, mashariki mnazi uliokatika kichwa. Siku ya kuhaulisha haikuandikwa.

Kwanza tungoje karafuu zianikwe. Kisha tumngoje nduguye aje kutoka Mombasa. Kisha mzee akaugua, nami nikawa nampelekea uji. Vipi nimdai ardhi mtu aliyelala kitandani? Bei zimepanda. Mwezi uliopita kamtuma mwanawe na mfuko wa milioni 9, noti zimefungwa mpira. Sikuzipokea. Pesa ile ni ya maandazi, nimeamka kabla ya alfajiri miaka kuipata, na leo haininunulii hata nusu ya kiwanja kile. Nina haki, au nitaambiwa nichukue changu niondoke?

Karani Mstaafu, Chake:
Waalaykum salaam, dada yangu. Umefanya vyema kutozipokea, maana ungezipokea wangesema mmevunja mkataba kwa ridhaa.

Ndiyo, Mahkama inaweza kumwamuru atekeleze mkataba wenyewe badala ya kukulipa fidia tu, kwa sababu kiwanja si gunia la mchele ukanunue jingine kama lile. Lakini amri hiyo si lazima itolewe. Hakimu ataangalia nani kachelewesha, na kama wewe ulikuwa tayari muda wote. Kwa hiyo hiyo milioni 5 ya bakaa iwe benki, ionekane. Mwandikie barua sasa, umpe siku maalumu ya kuja kuhaulisha, nakala kwa sheha. Mkataba usio na tarehe unahesabiwa kwa muda wa kiasi, yaani unaotosha kwa jambo lenyewe, na barua yako ndiyo itakayoonesha kuwa muda huo umekwisha. Usikae tena, kwani madai nayo yana ukomo wake.

Jengine, kesi za ardhi huku Zanzibar zina Mahkama yake, chini ya Sheria Na. 7 ya 1994. Na uhaulishaji lazima upite Bodi ya Uhaulishaji, inayotoa idhini ya ardhi kuhamishwa, Sheria Na. 8 ya mwaka huo huo. Mahkama haitairuka Bodi. Omba mzee aamriwe kutia saini na kupeleka maombi kwa Bodi.

Mtoto wa Konde:
Mimi nimeshtushwa na huyo ndugu wa Mombasa. Kiwanja ni cha mzee peke yake au ni mirathi haijagawiwa? Kama ni urithi, hakuna hakimu atakayemlazimisha mtu kuuza fungu la nduguye. Sisi tulishinda kwenye mkataba tukakwama hapo hapo, dada wawili hawakuulizwa. Pia uliza kama si eka tatu za Serikali, zile walizogawiwa watu baada ya Mapinduzi, zina masharti yake. Na omba zuio mapema, asije akamuuzia mwengine asiyejua habari zako.

Mama wa Jadida:
Allah awalipe. Si eka tatu. Ni cha baba yao, wamerithi wawili tu, mama yao alitangulia. Na huyo ndugu aliniletea sauti kwenye simu mwaka 2020, anasema "mimi nimeridhia, mpe tu kiwanja chake". Ninayo hadi leo.

Karani Mstaafu, Chake:
Usiifute! Inakili kwenye simu nyengine leo hii, kisha mpigie umuombe aandike kwa mkono wake na atie saini mbele ya wakili huko huko Mombasa. Barua ya kumpelekea mzee niletee niisome kabla hujaipeleka.

Mama wa Jadida:
Nimempigia. Kapokea, kasema ataandika Jumatatu.